Gemu ya kwanza duniani ni ipi? Kuna jibu la fundi na jibu la hakimu

SWALI: Shikamoo mwalimu. Nina kibanda cha gemu hapa Morogoro, PS mbili na runinga mbili. Juzi wateja wangu walibishana mpaka mechi ikasimama. Mmoja anasema gemu ya kwanza duniani ni Pong ya Atari. Wa pili anasema siyo, ilianzishwa na mwanasayansi mmoja wa bomu la atomiki aliyecheza tenisi kwenye mashine ya maabara. Wa tatu anasema wote waongo, gemu ni za Wajapani toka mwanzo. Wamewekeana dau la kreti la soda na hela nimeshikishwa mimi. Nimpe nani?

JIBU: Marahaba, mdogo wangu. Hela za watu usizitoe kwanza, maana hapo hakuna aliyepatia, ingawa mmoja amekaribia kuliko wenzake. Na usiwacheke kwa kubishana. Ubishi huuhuu umewahi kufikishwa mahakamani Marekani, watu wazima wenye suti wakaubishania kwa miaka mingi, na waliokuwa wanagombea hela zao si za kreti la soda.

Tuanze na Pong kwa sababu ndiyo rahisi kuiondoa. Pong, gemu ya vigongeo viwili vinavyorudishiana mpira kwenye skrini, ilitoka mwaka 1972 huko California, mikononi mwa kijana aitwaye Al Alcorn aliyekuwa ndiyo kwanza ameajiriwa na Atari, kampuni ya Nolan Bushnell na Ted Dabney. Bushnell alimpa kazi ile kama zoezi la kumnoa, akamdanganya kwamba ni oda ya General Electric ili kijana asilegee. Alcorn akaamini, na akaongeza vitu ambavyo hakuagizwa. Kila kigongeo alikigawa vipande vinane, mpira ukawa unatoka kwa pembe tofauti kutegemea umegusa kipande kipi. Akafanya mpira uongeze kasi kadiri mnavyorudishiana. Kulikuwa pia na kasoro kwenye saketi, vigongeo havikufika juu kabisa ya skrini. Angeweza kuirekebisha, lakini aliiacha, kwa sababu bila upenyo ule wachezaji wawili hodari wangerudishiana mpira mpaka baa ifungwe.

Cha kuwashangaza wateja wako ni hiki: ndani ya Pong hamna programu. Hamna prosesa, hamna hata mstari mmoja wa maelekezo ya kompyuta. Ni chipu za kawaida zilizopangwa kwenye bodi, na runinga ya rangi nyeusi na nyeupe iliyonunuliwa dukani kama runinga nyingine yoyote. Mpira ule mweupe ni umeme unaowashwa na kuzimwa kwa wakati wake. Kumbuka neno "wakati", tutalirudia.

Sasa, kwa nini Pong si ya kwanza? Tarehe 24 Mei 1972, mwezi mmoja na siku chache kabla Atari haijasajiliwa, Bushnell alikwenda Burlingame, California, ambako kampuni ya runinga ya Magnavox ilikuwa inaonyesha bidhaa yake mpya iitwayo Odyssey. Akashika pedi, akacheza tenisi ya Odyssey. Na akasaini kitabu cha wageni. Mtu anaweza kusema mengi kuhusu nani alimwiga nani, lakini sahihi yako kwenye kitabu cha wageni cha mshindani wako ni shahidi asiyehongeka.

Odyssey ni mtoto wa Ralph Baer. Alizaliwa Ujerumani mwaka 1922 katika familia ya Kiyahudi, na mwaka 1938 wakakimbilia Marekani kabla milango haijafungwa. Alisomea uhandisi wa runinga, na kufikia mwaka 1966 alikuwa bosi wa wahandisi katika Sanders Associates, kampuni ya zana za kijeshi iliyokuwa Nashua, New Hampshire. Mwishoni mwa Agosti mwaka huo, akimsubiri mwenzake kwenye kituo cha basi New York, alianza kuandika vidokezo. Tarehe 1 Septemba akavigeuza kuwa waraka wa kurasa nne. Swali lake lilikuwa la mtu wa kawaida kabisa: nyumba nyingi za Marekani zina runinga, na kitu pekee unachoweza kuifanyia ni kuizima au kubadili stesheni. Hakuna kingine?

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu hapa ndipo penye ufundi wenyewe, na wewe mwenye kibanda nadhani umeshawahi kufungua TV ya chogo. Ndani ya kile chogo kuna mwale wa elektroni unaopiga kioo kwa ndani. Unafagia mstari kwa mstari, kushoto kwenda kulia, toka juu mpaka chini. Runinga za Marekani wakati ule zilikuwa na mistari 525 kwa picha, na picha 30 kila sekunde. Mstari mmoja huchukua kama sehemu 63 tu za milioni ya sekunde. Runinga yenyewe haina akili. Inangoja mawimbi yaiambie: anza picha, anza mstari, ng'aa, zima. Siku zote amri hizo zilitoka kwenye mnara wa stesheni.

Baer akasema, kwani lazima zitoke kwenye mnara? Yeye na fundi wake Bill Harrison, ambaye ndiye aliyekuwa anachoma solda, wakatengeneza kisanduku kinachotoa amri zilezile na kuziingiza kupitia waya wa antena, runinga ikadhani imepata stesheni. Kisha wakaweka vicheleweshi viwili. Kimoja kinaanza kuhesabu picha inapoanza, kwa hiyo kinaamua kidoti kitakuwa umbali gani kutoka juu. Cha pili kinaanza kuhesabu mstari unapoanza, kinaamua umbali kutoka kushoto. Pale ambapo vyote viwili vinalia kwa pamoja, mwale unaamriwa uwake. Basi, umepata kidoti cha mraba katikati ya skrini. Ukizungusha kitufe, muda wa kuchelewa unabadilika, na kidoti kinatembea. Ndiyo maana nilikuambia ukumbuke neno "wakati". Kwenye runinga, mahali ni wakati. Nimefundisha elektroniki miaka mingi na bado sijaona ujanja mdogo wa saketi uliozaa biashara kubwa kama huu.

Vidoti viwili vinavyofukuzana vinachosha haraka. Aliyeleta uhai ni mhandisi wa tatu, Bill Rusch, aliyependekeza kidoti kisichoshikwa na mchezaji yeyote, kinachoendeshwa na mashine yenyewe. Yaani mpira. Kufikia 1968 walikuwa na kisanduku kilichobandikwa karatasi ya plastiki yenye sura ya mbao, nacho wakakiita Brown Box. Wakazunguka nacho kwa kampuni za runinga, wakakataliwa, mpaka Magnavox ilipokubali mwaka 1971.

Odyssey iliyoingia madukani mwaka 1972 iliuzwa karibu dola 100. Ukiipata leo ukaileta kibandani kwako, wateja watadai warudishiwe hela. Haina sauti. Haihesabu magoli, mnaandika wenyewe kwenye karatasi kama wacheza karata. Haichori uwanja, unabandika karatasi ya plastiki iliyochorwa juu ya kioo cha runinga, na vidoti vinawaka nyuma yake. Ndani kuna transista 40 hivi, na "kadi" za gemu hazina kumbukumbu yoyote, kazi yake ni kuunganisha nyaya kwa mpangilio tofauti. Lakini waya unaoingia kwenye runinga ya sebuleni, pedi mbili, mpira unaogongwa, vyote vipo. Baadhi ya wauzaji, kwa kujua au kutojua, waliwaacha wateja waamini kwamba inafanya kazi na runinga za Magnavox tu, na hiyo iliiumiza.

Mwaka 1974 Magnavox na Sanders wakafungua kesi Chicago dhidi ya Atari na kampuni nyingine zilizokuwa zinatoa gemu za mpira. Silaha yao ilikuwa hataza, yaani hati ya serikali inayompa mvumbuzi haki ya peke yake juu ya alichovumbua. Kiini cha madai hakikuwa tenisi, maana tenisi haina mwenyewe. Madai yalikuwa kwamba wao ndio waliobuni namna ya kitu kinachoongozwa na mchezaji kugongana, ndani ya skrini ya runinga, na kitu kinachoongozwa na mashine, na hicho cha pili kikabadili mwendo. Soma tena sentensi hiyo uone ilivyo pana. Karibu kila gemu ya michezo ingenaswa humo. Atari ikaona bora iafikiane nje ya mahakama, mwaka 1976, ikalipia leseni. Waliobaki walipigana wakashindwa, na Jaji John Grady, mwezi Januari 1977, akaitambua hataza ya Baer kuwa ndiyo iliyotangulia katika fani hii. Kwa hiyo ukimuuliza hakimu, jibu lipo: Baer.

Mteja wako wa pili anaingia hapa. Kampuni zilizobanwa na hataza hizo baadaye, Nintendo ikiwemo, zilihangaika kutafuta mtu aliyemtangulia Baer, kwa sababu hataza hufa ikithibitika kwamba jambo lilikuwepo kabla. Wakamkuta mzee mmoja aitwaye William Higinbotham.

Wakati wa vita kuu ya pili Higinbotham aliongoza kikundi cha elektroniki pale Los Alamos, lilikotengenezwa bomu la atomiki. Kwa hiyo mteja wako hakudanganya. Ila aongeze na hili: baada ya vita alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa Federation of American Scientists, umoja wa wanasayansi waliopigania silaha hizo zidhibitiwe, na hiyo ndiyo kazi aliyotaka akumbukwe nayo. Mwaka 1958 alikuwa mkuu wa idara ya vifaa vya vipimo katika maabara ya Brookhaven, kisiwani Long Island, New York. Kila mwaka maabara ilifungua milango wananchi waje waone. Watu wanakuja, wanatazama mashine zilizolala na mabango ya maelezo, wanapiga miayo. Higinbotham akaona aibu.

Alikuwa na kompyuta ndogo ya analogi, yaani inayopiga hesabu kwa viwango vya umeme badala ya tarakimu, na kitabu chake cha maelekezo kilionyesha namna ya kuchora njia ya risasi au mpira unaodunda. Wazo likatoka humo. Yeye akachora saketi, fundi Robert Dvorak akaziunga, kwa muda wa wiki tatu hivi. Tarehe 18 Oktoba 1958 wageni wakakuta osiloskopu (kifaa cha maabara cha kuonyesha mawimbi ya umeme) yenye kioo cha inchi 5, kimechorwa uwanja wa tenisi unaotazamwa kwa ubavu: mstari mmoja mrefu chini, mmoja mfupi umesimama katikati ndiyo neti, na nukta inayoruka. Unazungusha kitufe kupata pembe, unabonyeza kingine kupiga. Mpira ukigonga neti unarudi. Foleni ikawa ndefu kuliko ya kitu kingine chochote. Mwaka uliofuata wakaleta kioo kikubwa zaidi, na unaweza kuchagua kucheza kwa mvutano wa mwezini au wa sayari ya Jupita. Kisha wakaifungua, vipuri vikarudi kazini. Hakuomba hataza, hakuona kama amevumbua kitu.

Nilipokuwa chuoni nilijaribu kuchora mpira unaodunda kwenye osiloskopu ya maabara yetu, baada ya saa za kazi. Ulidunda mara mbili ukapotea. Toka siku hiyo namheshimu Dvorak kuliko vitabu vinavyomheshimu.

Mbona basi Nintendo haikushinda? Kwa sababu osiloskopu si runinga. Kwenye osiloskopu mwale unakwenda moja kwa moja pale unapotaka, kama kalamu kwenye karatasi. Hakuna mistari ya kufagia, hakuna mawimbi ya stesheni, hakuna ule ujanja wa vicheleweshi. Mahakama ikaona ni kitu kingine, hataza za akina Baer zikasimama. Kisheria naona ni sawa. Kibinadamu, watu waliosimama kwenye foleni Brookhaven walikuwa wanacheza gemu, hakuna wa kuniambia vinginevyo.

Hata hivyo Higinbotham naye ametanguliwa. Januari 1947, Thomas Goldsmith na Estle Ray Mann wa maabara ya runinga ya DuMont waliomba hataza ya chombo cha burudani kilichofanana na rada: unaongoza nukta kama kombora, shabaha zimechorwa na kubandikwa juu ya kioo. Walipewa hataza Desemba 1948, lakini hakikuuzwa kamwe. Mwaka 1950, kwenye maonyesho makubwa ya Toronto, Josef Kates alisimamisha mtambo wa urefu wa kama mita 4 uliocheza na watu ule mchezo wa kuchora O na X kwenye visanduku tisa. Picha yake ilikuwa taa za umeme, si skrini. Mwaka 1951 kampuni ya Ferranti ya Uingereza ilipeleka London mashine iitwayo Nimrod, iliyocheza Nim, mchezo wa kuondoa njiti kwenye mafungu. Mcheza bao akiitazama Nim atacheka: hakuna nyumba, hakuna kichwa wala kimbi, unapunguza tu mpaka ziishe. Ferranti walitaka watu waone mashine inavyopiga hesabu. Watu walitaka kuishinda tu. Mwaka 1952 Sandy Douglas wa Cambridge akauweka mchezo wa O na X kwenye kompyuta EDSAC, safari hii ukiwa na skrini kweli, nukta 35 kwa 16, na mchezaji akichagua kisanduku kwa kuzungusha diski ya simu ya mezani. Aliufanya kwa ajili ya tasnifu yake ya udaktari, na kwa kuwa EDSAC ilikuwa moja tu duniani, haukutoka nje ya chumba kile.

Umeona shida ya neno "kwanza"? Lakini umeniuliza mimi, siyo hakimu, kwa hiyo na mimi nina langu. Kwangu, mambo yalianza rasmi MIT, chuo cha teknolojia huko Marekani, mwaka 1962. Chuo kilikuwa kimepewa kompyuta PDP-1, mashine ya dola 120,000 wakati huo, na vijana walioruhusiwa kuigusa usiku walikuwa wamesoma hadithi nyingi za vita vya angani. Steve Russell, akiwa na wenzake Martin Graetz na Wayne Wiitanen, akapanga mchezo wa vyombo viwili vinavyorushiana makombora, wakauita Spacewar. Russell alikuwa mvivu wa kuanza. Alijitetea kwamba hana hesabu za kukokotoa pembe. Alan Kotok akaenda kwa watengenezaji wa kompyuta, akamletea hesabu hizo kwenye utepe wa karatasi, akamwuliza sasa una udhuru gani. Hakuwa nao.

Ikawa kila mtu anaongeza chake. Peter Samson hakupenda nyota zilizotapakaa ovyo, akaandika programu inayochora nyota halisi za angani. Dan Edwards akaweka jua katikati linalovuta kila chombo, na hapo mchezo ukapata akili, maana sasa unaweza kulitumia jua kujirusha kumzunguka adui. Kotok na Bob Saunders, viwiko vikiwauma kwa kubonyeza swichi za kompyuta, wakatengeneza visanduku vya kushika mkononi. Hizo unaweza kuziita babu wa pedi zako. Na tofauti na karibu zote nilizotaja, ukiacha ule wa Douglas, Spacewar ilikuwa programu, si saketi. Ilinakiliwa kwenye utepe ikasafiri kila penye PDP-1, bure, na wenyeji wa huko wakaibadilisha. Chombo cha Higinbotham kilivunjwa, cha Goldsmith kilibaki kwenye makaratasi, lakini hii ilizaa.

Ilizaa na biashara yako. Septemba 1971, vijana wawili, Bill Pitts na Hugh Tuck, waliweka Spacewar yao chuoni Stanford ndani ya kabati lenye tundu la sarafu, senti 10 mchezo mmoja. Ndani yake kulikuwa na kompyuta ya maelfu ya dola. Piga hesabu ni sarafu ngapi za kurudisha mtaji wa namna hiyo, kisha shukuru kwamba wewe ulianza na PS mbili za mkononi mwa mtu. Mwaka huohuo Bushnell na Dabney wakatoa yao, Computer Space, bila kompyuta ndani, kwa chipu za bei nafuu. Haikuvuma, watu waliona vitufe vingi. Pong ilipofuata, na kitufe kimoja cha kuzungusha, wakaijaribu kwenye baa ya Andy Capp's mjini Sunnyvale. Siku chache mwenye baa akapiga simu: mashine imekufa. Alcorn alipoifungua akakuta haijafa. Kisanduku cha sarafu kilikuwa kimejaa hadi kukwamisha kila kitu.

Kuhusu Wajapani, kwa kifupi: walikuja baadaye, wakaja vizuri. Space Invaders ya Tomohiro Nishikado ni ya 1978, Pac-Man ya Toru Iwatani ni ya 1980. Hata wazo la kuchomoa gemu moja na kuchomeka nyingine yenye kumbukumbu yake ndani si lao. Lilifika sokoni mwaka 1976 kwenye Channel F ya Fairchild, na aliyeongoza kazi ile alikuwa mhandisi Mmarekani mweusi, Jerry Lawson. Huyo wateja wako hawakumtaja kabisa, na nashangaa.

Sasa kreti. Dau lilikuwa la kuitaja gemu ya kwanza, na hakuna aliyeitaja, kwa hiyo kwa haki kila mtu arudishiwe hela yake. Wakikubaliana wenyewe kwamba aliyekaribia zaidi achukue, ni wa tenisi ya maabara. 1958 ni mbali sana nyuma ya 1972. Wa Pong ajifariji kwamba hata kwenye kesi timu yake ililipa. Wa Japani asiondoke na kinyongo, pedi aliyoshika ni ya kwao. Ila hujaniambia jambo moja: ule muda mechi ilisimama wakibishana, uliwahesabia?